Lango ni Mimi

Tatu Njiku alianguka saa saba na dakika ishirini mchana, katikati ya mstari wa kumi na nne wa alizeti, brashi ya kuchavushia ikiwa bado mkononi. Taa ndogo kwenye mkono wa suti yake ilikuwa ya kijani. Ndani ya mji, katika chumba cha mitambo, Asinath Msengi alikuwa akiitazama suti hiyo hiyo kwenye kioo cha kompyuta, na kioo kilimwambia kwamba aliyeivaa ana nyuzi joto thelathini na saba nukta moja. Mzima wa afya, aendelee na kazi.

Robo saa baadaye, walipomfikisha zahanati, kipimajoto cha mganga kilisoma arobaini nukta nane.

Alikuwa mtu wa tatu kuanguka ndani ya siku nne, na wote watatu walianguka taa zao zikiwa za kijani.

Uwandani ulikuwa mji uliojengwa chini ya paa moja kubwa kwenye nyanda za Singida, na hakuna aliyetoka chini ya paa lile mchana bila suti ya baridi. Jua la miaka hiyo lilimpa mtu dakika kumi na tano tu, kisha akaanza kuongea maneno yasiyounganika. Nyuki walikuwa wamekwisha zamani. Alizeti iliyobaki, aina pekee iliyoweza kustahimili ardhi ile, ilifungua chavua yake kuanzia saa sita hadi saa nane mchana, siku tisa tu kwa mwaka. Kwa hiyo watu sitini na wawili walitoka na brashi laini wakapita ua kwa ua, wakifanya kazi ya nyuki. Wasipofanya hivyo, hakuna mbegu. Bila mbegu hakuna mafuta ya kupikia, wala ya mitambo, wala chakula cha kuku.

Asinath alishuka ngazi mbili mbili hadi zahanati. Mlangoni alimkuta Simeoni Chibago, msimamizi wa shamba, mtu mrefu mwenye sauti ya chini, ameshika kofia ya suti ya Tatu kwapani.

"Vipi hali yake?" Asinath aliuliza.

"Amefumbua macho. Wamemweka kwenye maji." Chibago alitikisa kichwa. "Nilisema tangu mwanzo, suti za hawa wageni ni kuukuu. Kipimo kimekufa, tunamlaumu nani?"

"Naomba hiyo suti."

Chibago alimpa. Asinath aliibeba hadi juu, akaitandaza mezani, akachomeka waya kwenye tundu la kifuani. Kila suti iliweka kumbukumbu yake yenyewe kabla ya kutuma chochote. Alirudisha nyuma hadi saa saba na dakika kumi na tano, akasoma. Thelathini na tisa nukta tano. Dakika mbili baadaye, arobaini. Kisha arobaini nukta nne.

Kipimo hakikuwa kimekufa. Suti ilikuwa imesema kweli, mara moja kila sekunde tano, mpaka mwenye suti akaanguka. Ukweli ulikuwa umebadilishwa njiani.

Asinath alifungua kidaftari cha ndani cha suti, pale inapohifadhi namba za vifaa inavyozungumza navyo. Mstari wa kwanza ulikuwa wa Lango, mashine kuu iliyopokea joto la kila mtu na kurudisha amri: taa ya kijani, endelea, taa nyekundu, rudi ndani. Namba ya Lango alikuwa anaijua kwa moyo. Iliyokuwa imeandikwa pale ilikuwa nyingine kabisa.

*

"Nieleze taratibu," alisema Dorkasi Lemunge. "Nieleze kama mtu asiyejua kitu."

Dorkasi alikuwa mkuu wa mji, mama wa miaka sitini na ushei aliyeanza maisha kama fundi bomba na bado alitembea na bisibisi mfukoni. Alikuwa ameketi kwenye kiti pekee cha chumba cha mitambo, Asinath amesimama.

"Kila kifaa kina vitu viwili, Mama Lemunge. Kina anwani tunayokipa sisi, na kina namba kiliyogongewa kiwandani. Suti inajua anwani ya Lango, lakini ili ujumbe ufike lazima ijue na namba. Basi inauliza kwa sauti, mtandao mzima unasikia: nani mwenye anwani hii? Lango linajibu: ni mimi, namba yangu hii hapa. Suti inaandika kwenye kidaftari chake, kazi inaendelea."

"Na akijibu mwingine?"

"Inamwandika huyo."

"Bila kumhoji?"

"Bila kumhoji. Wala si lazima aulizwe. Anaweza kukaa anatangaza tu, Lango ni mimi, Lango ni mimi, kila baada ya sekunde mbili, na suti zote zitafuta namba ya kweli na kuandika yake. Utaratibu wenyewe unaitwa ARP, ni wa kale kuliko mji huu. Waliouanzisha walikuwa wachache, vifaa vyao viko chumba kimoja, kila mtu anamfahamu mwenzake. Hawakuweka swali la kumuuliza mtu kama kweli ni yeye."

Dorkasi alikunja uso. "Kwa hiyo suti inadhani inazungumza na Lango, kumbe inazungumza na mtu mwingine."

"Ndiyo. Na huyo mtu hazuii ujumbe, angeuzuia tungejua siku ile ile. Anaupokea, anafuta arobaini, anaandika thelathini na saba, halafu anaupeleka kwenye Lango la kweli. Lango linaona mtu mzima, linawasha kijani."

"Yuko wapi?"

"Humu humu kwetu. Sauti ile haivuki Lango, kwa hiyo hawezi kuwa mji mwingine. Ama yeye yumo, ama kifaa chake kimo, kimechomekwa kwenye nguzo mojawapo ya waya za mtandao shambani."

"Basi fuata waya."

"Swichi, kile kisanduku kinachounganisha nyaya zote, hukumbuka namba imeingilia tundu gani kwa dakika tano tu baada ya kifaa kunyamaza. Nilipofika kimeshazimwa. Itabidi tumkamate akiwa anasema."

Dorkasi akauliza swali ambalo Asinath alikuwa akiliogopa tangu aone ile namba ngeni. "Hatuna mlinzi wa mambo kama haya? Programu ya kupiga kengele?"

"Tunayo."

"Mbona haikulia?"

"Nitaiangalia," Asinath alisema, na akaona uso wake unapata moto.

Dorkasi aliinuka. "Leo nasimamisha kazi. Kesho ni siku ya tano, siwezi kusimamisha tena, tukipoteza siku mbili tumepoteza mwaka. Kwa hiyo kabla ya saa sita kesho, ufunge mtandao kabisa. Chukua daftari la mji. Namba iliyomo daftarini ipite, isiyomo ikatwe, na namba ikionekana mahali pawili zikatwe zote mbili. Si ndiyo dawa yake?"

"Ndiyo dawa yake," alijibu Asinath.

*

Hakukuwa na haja ya kuangalia kwa nini mlinzi hakulia. Alikuwa amemlaza yeye mwenyewe, miaka mitatu iliyopita.

Mwaka ule visima vya mji wa jirani vilikauka, watu thelathini na mmoja wakaja Uwandani wakiburuta suti mbovu. Sheria ya mji ilikuwa wazi: asiye na suti yenye namba halali hawezi kubaki, maana asiyeweza kutoka kwenda shambani ni mdomo bila mkono. Na Lango lilikubali namba za kiwandani tu. Kiwanda kilikuwa kimefungwa, na ufunguo wa kuongeza namba mpya uligawanywa vipande saba kwa wazee wa baraza, ambalo halikuwa tayari kuutumia.

Asinath alizitengeneza zile suti. Mipira, pampu, betri, vyote vilipona. Chembe za umeme zinazobeba namba ya kiwandani ndizo zilizokuwa zimeungua. Basi akaenda kwa wachavushaji thelathini na mmoja wenyeji, mmoja mmoja, akawaomba. Wote walikubali. Alinakili namba ya kila mwenyeji kwenye suti ya mgeni mmoja, na daftarini akaandika namba za kubuni ambazo hazikuwapo popote. Baraza lilipozipima suti, lilizipima moja moja, na kila moja ilijibu vizuri. Wenyewe waliitana mapacha.

Namba mbili zinazofanana haziwezi kukaa kwenye mtandao mmoja kwa wakati mmoja bila kugombana. Kwa hiyo Asinath alipendekeza zamu mbili, akamwambia Dorkasi kwamba mitambo haiwezi kubeba suti zote pamoja. Wenyeji wakatoka saa sita, wageni saa saba. Hata hivyo pacha mmoja akichelewa kurudi, namba ilionekana mahali pawili kwa dakika chache, na mlinzi alipiga kengele. Ndipo akamzima.

Aliona ni wema. Na ulikuwa wema. Lakini sasa, akiwa ameketi peke yake mbele ya kioo, aliuona mpaka mwisho wake. Kengele aliyoizima ndiyo hasa ingemkamata yule anayejiita Lango. Na saa saba ndiyo saa ya jua kali kuliko zote. Walioanguka wote watatu walikuwa wageni, kwenye zamu aliyoibuni yeye.

Akitii amri ya Dorkasi neno kwa neno, mtandao utakuwa salama na watu thelathini na mmoja watatupwa nje ya sheria kesho mchana, pamoja na wenyeji waliowapa namba zao. Asipotii, kuna mtu ataanguka na asiamke. Angeweza pia kutafuta njia ya ujanja katikati, kumlaza mlinzi tena kidogo hapa, kumwamsha pale. Wazo hilo lilimjia, akaligeuza kichwani kwa muda mrefu kuliko ambavyo angependa kukiri.

Akaenda zahanati.

Tatu alikuwa amekaa kitandani, amezungushiwa shuka lililoloweshwa maji, anakunywa uji wa chumvi kwa kijiko. Alikuwa na miaka hamsini na miwili. Kando yake alikaa Lazaro Mughwai, kijana wa Uwandani wa miaka thelathini, ambaye namba yake ndiyo iliyokuwa kwenye suti ya Tatu. Hawakuwa na udugu, ila tangu siku ile Lazaro alimwita shangazi, na kila Jumapili walikula pamoja.

Asinath aliwaeleza yote, bila kupunguza, hata la zamu.

"Usimwambie Mama Lemunge," Lazaro alisema mara moja. "Dada Asinath, nakuomba. Wakijua watawafukuza wote. Tutawapeleka wapi? Wewe ni fundi, tafuta namna."

"Namna ndiyo iliyotufikisha hapa, Lazaro."

"Afadhali hapa kuliko nje."

Tatu aliweka kijiko chini. "Mimi ndiye niliyekuwa nje," alisema, na wote wawili wakamgeukia. "Kichwa kilikuwa kinagonga. Macho yanaona maua mawili mawili. Nikatazama taa, nikaona kijani, nikajiambia, wewe Tatu unajidekeza. Niliiamini taa kuliko kichwa changu mwenyewe. Mnaelewa? Nimeishi hapa miaka mitatu nikijibana, nisionekane, nisichelewe mlangoni, nisikohoe kwenye mkutano, maana mimi ni nusu ya namba ya mtu. Kama wanataka kunifukuza, wanifukuze nikiwa mzima. Nenda kaseme, mwanangu."

Lazaro aliinamisha kichwa. Kisha akasema, "Basi na jina langu ulitaje. Mimi nilikubali kwa hiari yangu."

*

Dorkasi alimsikiliza Asinath hadi mwisho bila kumkatiza. Alipomaliza, mkuu wa mji alisimama dirishani akiwa amempa mgongo.

"Miaka mitatu," alisema.

"Ndiyo, mama."

"Miaka mitatu umekuwa ukinitazama usoni na kuniambia mitambo haibebi."

"Ndiyo."

"Ningekuelewa zaidi kama ungekuwa mjinga." Aligeuka. Hakuwa amepandisha sauti, na hilo lilimuumiza Asinath zaidi. "Sheria inanitaka niwatoe kesho. Baraza linaweza kuibadilisha, lakini kuliita ni siku saba. Maua hayangoji siku saba, na huyo mwongo wetu hangoji hata moja. Una kitu cha kuniambia zaidi ya samahani?"

Alikuwa nacho. Alichukua chaki, akachora kwenye sakafu duara kubwa, kisha akalikata katikati kwa mstari.

"Namba zinazofanana zinagombana zikiwa nyumba moja. Tukigawa shamba nyumba mbili, mashariki na magharibi, kila moja na mtandao wake, hazitaonana kabisa. Lazaro namweka mashariki, Shangazi Tatu magharibi. Naandika daftari jipya, la kweli: namba hii, upande huu, ni ya mtu huyu. Mlinzi namwamsha, naye anafuata daftari hilo."

"Na mwongo?"

"Kila suti naiandikia namba ya Lango kwa mkono na kuifunga, isiweze kufutika. Mtu akitangaza Lango ni mimi, haitasikiliza. Na mlinzi atakuwa amesimama kwenye kila tundu la swichi. Lango lina tundu lake moja, linajulikana. Neno hilo likiingia kupitia tundu jingine lolote, analikataa, anapiga kengele, na anataja tundu."

Dorkasi alilitazama lile duara. "Nyumba mbili. Basi wanaweza kutoka wote pamoja."

"Wote. Saa sita, kabla jua halijakolea. Zamu ya saa saba haikuwahi kuwa na haja."

Dorkasi alipita juu ya mstari wa chaki, akasimama mbele ya Asinath.

"Nitawachukulia dhamana mpaka baraza likae," hatimaye Dorkasi alisema. "Kwa jina langu, si lako. Na funguo za daftari, mwanangu, kuanzia leo hazikai mkononi mwa mtu mmoja. Kengele italia chumbani kwako na ofisini kwangu. Ukitaka kuizima, tutaizima wawili."

"Ndivyo inavyotakiwa," alisema Asinath, akavua mkufu wa funguo shingoni.

*

Walianza alfajiri. Suti sitini na mbili zilipangwa sakafuni kwenye ukumbi wa chakula kama watu waliolala. Asinath alipita na waya, suti moja baada ya nyingine: anaandika namba ya Lango, anafunga, anahakiki, anasogea. Lazaro alimfuata na daftari akisoma majina. Jina la mwenyeji, jina la mgeni, upande. Watu waliokuja kuchukua uji walisimama kusikiliza, maana ilikuwa mara ya kwanza majina yale kusomwa mawili mawili hadharani. Mzee mmoja mwenyeji, aliposikia jina lake na la pacha wake, aliinua kikombe juu kidogo, kama anayesalimia, akaendelea kunywa.

Saa tano na nusu suti ya mwisho ilifungwa. Saa sita kamili milango miwili ilifunguka, na watu sitini na mmoja walitoka kwa pamoja. Wawili walioanguka kabla yake walikuwa wamepona; Tatu pekee ndiye aliyebaki. Alikuwa amekataa kukaa zahanati, akawekewa kiti chumba cha mitambo, mbele ya kioo.

Namba zilianza kupanda. Thelathini na saba, thelathini na saba na nusu. Thelathini na nane. Dorkasi alisimama nyuma ya Asinath, mikono kifuani. Saa sita na dakika ishirini na tano taa ya kwanza iligeuka nyekundu, ya mama mmoja mstari wa tatu. Kwenye kioo waliona nukta yake inageuka na kuelekea mlangoni. Kisha ya pili. Kisha ya tatu.

"Wanarudi," alinong'ona Tatu. "Wanaitwa na wanarudi."

Dakika ya ishirini na nane kengele ililia.

Haikuwa sauti kubwa. Ilikuwa mlio mwembamba, mfululizo, na miaka mitatu ilikuwa imepita tangu usikike chumbani mle. Kwenye kioo palitokea mstari mmoja: tundu la kumi na saba, kifaa kinadai kuwa Lango, dai limekataliwa. Sekunde mbili baadaye mstari mwingine kama ule. Kisha mwingine. Asinath alizitazama suti. Hakuna hata moja iliyoyumba. Joto liliendelea kuja, la kweli, lenye tofauti za mtu na mtu, na taa ziligeuka pale zilipotakiwa kugeuka. Mwongo alikuwa anapiga kelele ndani ya nyumba iliyojaa watu, na hakuna aliyegeuza shingo.

"Kumi na saba ni nguzo gani?" Dorkasi aliuliza.

Asinath alijua kabla ya kuangalia. "Kibanda cha msimamizi."

Walivaa suti wakatoka wawili. Chibago alikuwa ameinama nyuma ya pipa la maji, juu ya kisanduku kisichozidi ukubwa wa sabuni ya kufulia, anabonyeza na kubonyeza tena. Alipoona vivuli vyao aliacha. Hakujaribu kukificha.

"Mnawaona?" alisema, akinyoosha mkono shambani. "Wanaingia ndani na maua bado yako wazi. Mwaka juzi mistari minane haikuguswa, mmesahau? Mmesahau tulivyopika kwa maji matupu miezi minne? Kila siku taa inawaita, kila siku mistari inabaki. Nilipunguza nyuzi kidogo tu. Watu wanavumilia zaidi ya mashine inavyodhani."

"Tatu Njiku hakuvumilia," alisema Dorkasi.

Uso wa Chibago ulicheza. "Sikutaka aumie. Kwa Mungu sikutaka." Kisha akamgeukia Asinath. "Lakini wewe usinitazame hivyo. Nilizijua suti zako pacha tangu mwezi wa kwanza, nikanyamaza. Nilipoona kengele imezimwa ndipo nikajua inawezekana. Wewe ndiye uliyeniachia mlango wazi."

"Ni kweli," Asinath alijibu. "Nimeshasema mbele ya mkuu, na nitasema mbele ya baraza. Nawe utasema lako."

Alipiga goti, akashika waya wa kisanduku, akauchomoa. Ndani ya kofia alisikia sauti ya Tatu kwenye redio: kengele imenyamaza.

Dorkasi alikuwa anatazama shamba. "Simeoni," alisema polepole, "hebu hesabu mistari."

Chibago aliinua kichwa. Mistari yote arobaini ilikuwa na watu, au ilikuwa tayari imekwisha. Watu sitini na mmoja kwenye saa ya kwanza, macho maangavu na mikono haijaanza kutetemeka, walikuwa wameenda kasi ambayo zamu mbili hazikuwahi kufikia. Waliorudi kwa taa nyekundu walikaa ndani dakika kumi, wakanywa maji, taa ikawa kijani, wakatoka tena. Upande wa mashariki Lazaro alikuwa anamalizia mstari wake na ameshashika nusu ya ule wa jirani. Chibago alisogeza midomo akihesabu, akafika mwisho, akaanza upya. Mara ya pili hakumaliza. Aliketi chini kwenye kivuli cha pipa na kufunika kofia yake kwa mikono.

Saa saba kasoro dakika tano, mtu wa mwisho aliingia na milango ikafungwa. Saa ile iliyokuwa ikiangusha watu ilikuta shamba halina mtu, kila ua limeguswa, na wachavushaji wote wameketi ukumbini, wamevua kofia, wanacheka na kusukumana kugombea jagi la maji.

*

Siku nne zilizobaki za maua zilikwenda vivyo hivyo. Hakuna aliyeanguka.

Baraza lilikaa siku ya nane tangu liitwe, likabishana toka asubuhi hadi jioni. Chibago alisimama akaeleza alichofanya bila kujitetea. Walimwondoa usimamizi na kumpeleka kutumikia zahanati, chini ya mganga, mwaka mzima. Asinath naye alisimama. Walimwacha na ufundi wake, wakamwandikia onyo refu, na mjumbe mmoja alisema waziwazi kwamba hatamwamini tena.

Kisha wakafika kwenye sheria. Mjumbe huyo huyo aliuliza kama wageni thelathini na mmoja wana haki ya kubaki wakati suti zao hazina namba halali. Kabla ya mwingine kujibu, Lazaro aliinuka nyuma ya ukumbi, akafuatiwa na mzee wa kikombe cha uji, na wenyeji wote ishirini na tisa waliobaki. Lazaro alisema kwa niaba yao kwamba kama namba moja haitoshi watu wawili, wao wako tayari kurudisha zao pia, na baraza litafute wengine wa kwenda kuchavusha mwakani.

Kura ya kuwapa wageni namba zao wenyewe ilipigwa kwa mikono. Ilipita kwa mikono kumi na mmoja dhidi ya minne, na jioni ile ile wazee saba walichukua funguo zao saba wakaenda chumba cha mitambo kuifungua orodha ya Lango kwa mara ya kwanza tangu mji ujengwe.

Asinath alikuwa amezitunga namba mpya thelathini na moja, hakuna inayofanana na nyingine. Wageni walipanga foleni na suti zao mikononi. Wa kwanza alikuwa Tatu. Asinath alichomeka waya, akaandika, akangoja. Lango liliuliza ni nani mwenye anwani ile. Suti ikajibu. Mlinzi akatazama daftari, hakupiga kengele.

"Tayari, Shangazi," alisema Asinath.

Tatu alisoma ile namba kwenye kioo, tarakimu moja moja, kwa sauti, akiipitishia kidole. Alipofika mwisho alimgeukia Lazaro aliyekuwa amesimama mlangoni.

"Hii ni ndefu," alisema. "Itabidi niikariri."